Mlango wa Bwana Evaldi

Evaldi Krogi, Mdenishi, alikuja Newala na mizigo minne:
masanduku matatu ya spana,
na bati moja la mviringo, limefungwa utepe,
limeandikwa kwa wino maneno
ambayo hata karani wa posta alishindwa kuyasoma.
Kazi yake ilikuwa pampu. Kuyapandisha maji toka bondeni Kitangari
hadi huku juu kwetu, ambako debe moja
liliwahi kuvunja uchumba wa Asumini binti Nang'uto.

Msimu wa korosho likaja gari la sinema.
Baba yangu, Chinduli, ndiye aliyeilisha mashine mikanda.
Shuka likatundikwa kwenye ukuta wa ghala la ushirika.
Kwanza filamu ya kuchimba choo. Kisha ya viwavi.
Kisha Evaldi, shati limelowa grisi,
akapenya katikati ya watu, akampa baba lile bati
kama mtu anayelipa deni la zamani.

Akatokea.

Kijana, hana rangi, nywele zimelazwa kwa mafuta,
anafungua mlango, anainama kidogo,
bibi mwenye manyoya shingoni anapita bila kumtazama,
anasema neno moja, mlango unafungwa.
Mate hujameza, kaisha.

"Ndiye?" akauliza Mzee Mkwanywe.
"Ndiye."
"Mbona kakonda?"
"Rudisha!" wakapiga kelele walioketi mbele. "Rudisha, Chinduli!"
Baba akarudisha. Mara tisa usiku ule
Evaldi alifungua, na mara tisa
yule bibi alipita bila ahsante,
hadi Somoe Likwena akainuka mkekani
akamtukana kwa Kimakonde, tusi la kistaarabu,
la kumpa mkwe.

Tangu hapo wanawake wakikutana naye na ndoo kichwani
walishika kitasa cha hewa, wakampisha.
Naye alipita, pua juu, kama ana manyoya.

Nilikuwa darasa la sita, mbeba spana wake.
Nikamuuliza filamu ngapi.
"Tatu." Kiswahili alikipata kwa mafundi, kimejaa nati.
"Ya kwanza, mlango. Ya pili, maiti:
shuka jeupe, na unyayo wangu wa kushoto.
Ya tatu mkasi ulinikata, nikabaki sakafuni."
"Ukaacha?"
"Mimi sikuacha. Simu iliacha.
Alikuwepo mwingine, uso kama huu,
akakubali kulipwa kidogo."
Akacheka. Akaomba namba kumi na saba.

Bibi yangu hakucheka.
Mtu alale chini ya sanda, aamke, aende zake,
bila matanga? Hilo ni deni kwa ardhi.
Akachemsha ming'oko, akaita wenzake watano,
wakakaa uani siku nzima kumlilia unyayo.
Evaldi alivua kiatu cha kushoto, kwa adabu,
akala matanga yake mwenyewe,
akaomba nyongeza.

Aliondoka kabla mabomba hayajafika Nambunga.
Bati alimwachia baba; mama akaweka mbegu za kunde.
Mkanda ulianza kunuka siki, ukanata,
watoto wakaufanya mijeledi ya ng'ombe wa udongo.
Kipande nilichookoa ni urefu wa kidole.
Nikikiinua kwenye taa naona picha tano:
mkono, kitasa. Mkono, kitasa.
Katika zote tano mlango haujafunguliwa.

Lile neno moja sikumuuliza maana yake.
Miaka yote ile nambebea spana, sikuuliza.

Siku hizi bomba letu, ukilifungua asubuhi,
hukohoa kwanza, hutema kutu,
husema kitu kifupi nisichokijua,
ndipo maji.
Mke wangu huniuliza nimesimamia nini pale
na ndoo imeshajaa.